MTANI HANUNIWI

Shughuli za Chama zilitupeleka Bagamoyo hivi karibuni, nasi tukalala Dunda. Jioni, baada ya sala ya Isha, tulikaa barazani kwenye duka moja pamoja na wenyeji, tukinywa kahawa chungu na kashata. Ndani ya duka, juu ya kabati, palikuwa na televisheni, nayo ilikuwa ikionyesha mchezo mfupi wa vichekesho.

Mchezo wenyewe ulikuwa hivi. Bibi kizee mmoja ameingia ofisini kuulizia barua ya kiwanja chake. Karani, macho yakiwa kwenye simu, anamwambia, "Njoo kesho, bibi." Kesho yake bibi anarudi, karani anasema faili halionekani. Siku ya tatu bibi anafika na jembe begani, anajifunga kanga kiunoni, anaanza kupiga sakafu ya ofisi. Karani anaruka: "Bibi, wafanya nini?" Bibi anajibu, "Nalima, mwanangu. Kwa kuwa naona nitakuwa hapa hapa mpaka masika, afadhali nipande kunde."

Wavuvi waliokuwa pale barazani walicheka hata kahawa ikamwagika. Lakini palikuwa na bwana mmoja, shati lake limepigwa pasi vizuri, ambaye hakucheka. Mvuvi mmoja akamgeukia akamwuliza, "Ndugu yangu, mbona umenyamaza? Au kunde zimekwisha kuota kwako?" Ndipo tulipofahamu kwamba bwana yule naye ni karani. Watu wakacheka mara ya pili, kwa nguvu zaidi. Na baada ya kitambo kidogo bwana yule naye akacheka, akatikisa kichwa, akaagiza kahawa kwa wote.

Kicheko kile kilichochelewa ndicho kilichotufanya tuandike makala haya.

Wapo ndugu zetu katika Chama wanaoona kwamba vichekesho vya televisheni ni upuuzi mtupu, kazi ya watu wasio na kazi, na kwamba gazeti la Chama lina mambo makubwa zaidi ya kuzungumza. Twawaheshimu ndugu hao, lakini hatukubaliani nao. Jambo linalokusanya wavuvi, makarani, akina mama wauza samaki na vijana wa bodaboda mbele ya chombo kimoja kila juma si jambo dogo. Na lile lililompata bwana karani wa Dunda halikuweza kufanywa na waraka wowote kutoka makao makuu.

Kwanza yatupasa kujua kwamba dhihaka ya namna hii haikuletwa na televisheni. Ni mali yetu ya zamani, na watu wa Bagamoyo wanaifahamu kuliko wengi. Karne ya kumi na tisa mji huu ulikuwa mwisho wa njia ya misafara itokayo Ujiji na Tabora. Wapagazi, wengi wao Wanyamwezi, walifika hapa na meno ya tembo mabegani wakiwa wamechoka na wageni. Mgeni mnyonge katika nchi ya watu ataishije? Katika mahusiano yale ulikua utani baina ya Wanyamwezi na watu wa pwani, Wazaramo wakiwemo, nao ungali hai hata leo.

Utani una sheria zake. Mtani aweza kukuita mchoyo mbele ya wakwe zako. Aweza kuingia msibani, akalala njiani jeneza lisipite mpaka apewe chochote. Aweza kumwigiza marehemu alivyokuwa akitembea na alivyokuwa akikwepa madeni, hata waliao wakacheka huku machozi yangali yakitiririka. Wala huna ruhusa ya kukasirika. Anayemkasirikia mtani wake hujiaibisha mwenyewe. Lakini kuna upande wa pili ambao watu huusahau. Kesho wewe nawe utamtania yeye, naye hatakasirika. Na katika shida, mtani hubeba kazi nzito za msiba ambazo wafiwa wenyewe hawaziwezi. Basi utani una nguzo tatu: ukweli usemwe, majibu yaruhusiwe, na atakayekutania awe ndiye atakayekusaidia.

Twaomba msomaji azishike nguzo hizo tatu, maana kwa hizo tutavipima vichekesho vya leo.

Nguzo ya kwanza ni ukweli. Mwaka 1962, Taifa likiwa bado changa, Mwalimu Nyerere aliandika kijitabu kiitwacho Tujisahihishe. Humo aliwataka wana-TANU wayatazame makosa yao wenyewe bila woga, na wasiuchukie ukweli kwa sababu tu umesemwa na mtu wasiyempenda. Sisi tuliosoma shule za misheni tulikwisha kufundishwa jambo lilo hilo katika Injili, habari ya kibanzi na boriti. Lakini wote twajua kwamba kujisahihisha ni chungu. Mtu akiambiwa kosa lake mkutanoni hutafuta maneno ya kujitetea. Akiliona kosa hilo katika mchezo, amevalishwa mtu mwingine, hulicheka kabla hajajua kwamba amejicheka. Akija kujua, amekwisha kukiri.

Chama kilijua hivyo tangu zamani. Gazeti la Uhuru, lililoanzishwa mwaka 1961, lilikuwa na kikaragosi wake Chakubanga, aliyechorwa na Christian Gregory, naye aliwachekesha wasomaji kwa mikasa ya maisha ya kila siku. Redio Tanzania ilikuwa na Pwagu na Pwaguzi, wajanja wawili ambao majina yao yalitoka katika methali, na ambao ujanja wao daima uliwarudia. Baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967, ngoma, ngonjera na vichekesho vilitumika kulieneza mpaka vijijini. Na mwaka 1993 Redio Tanzania ilianza mchezo wa Twende na Wakati, wenye dereva wa lori aitwaye Mkwaju, mpenda wanawake na pombe. Kwa miaka miwili mchezo huo haukurushwa na mtambo wa Dodoma, ili wataalamu wapate kulinganisha. Walikuta kwamba mahali uliposikika, uzazi wa mpango uliongezeka kuliko mahali usiposikika. Basi asituambie mtu kwamba mchezo ni upuuzi. Mkwaju aliwasaidia watu kubadili mwenendo wa nyumba zao.

Televisheni ilichelewa kutufikia. Zanzibar iliipata mwaka 1973, nayo ikawa ya rangi, wakati nchi nyingi za Afrika hazijaiona. Huku Bara Serikali iliona kwamba ni anasa isiyoweza kumfikia mkulima, na watu wakangoja mpaka mwaka 1994. Ilipokuja, ilikuja na michezo ya nchi za watu. Tulijifunza kulia na matajiri wa Mexico na kuogopa wachawi wa Nigeria kabla ya kujiona wenyewe. Ndipo wakatokea Kaole Sanaa Group katika ITV, na baadaye vijana wa Ze Comedy katika EATV, ambao walihamia TBC1 na kuitwa Orijino Komedi. Joti, Masanja Mkandamizaji, Mpoki, Vengu, Wakuvanga na Mac Regan walikuwa majina ya kila nyumba. Siku ya mchezo wao watu waliwahi kurudi nyumbani. Kwa nini? Kwa sababu kwa mara ya kwanza kile chombo kilizungumza kama jirani.

Mambo haya hayatuhusu sisi peke yetu. Kanada ni nchi tajiri, lakini imekaa kando ya Marekani, na siku zote imekuwa ikihofia kumezwa na televisheni ya jirani yake. Serikali yake ikaweka kanuni kwamba vituo vionyeshe kiasi fulani cha mambo ya Kikanada. Mwaka 1980 shirika la utangazaji la nchi hiyo liliwataka wachekeshaji wa mchezo uitwao SCTV waongeze dakika mbili za "Ukanada" katika kila kipindi. Wachekeshaji wawili, Rick Moranis na Dave Thomas, waliona agizo hilo ni kichekesho lenyewe. Wakavaa kofia za sufu, wakaketi mbele ya ramani ya Kanada na chupa za bia, wakawa ndugu wawili, Bob na Doug McKenzie, wasio na habari yoyote ya maana ya kusema. Walikusudia kudhihaki agizo. Wananchi wakawapenda kuliko sehemu nyingine zote za mchezo. Wakatoa sahani ya santuri mwaka 1981 na filamu mwaka 1983. Wakanada walijiona katika wale wajinga wawili, wakacheka, na kwa kucheka wakajitambua kuwa wao si Wamarekani.

Funzo ni nini? Utamaduni wa taifa hauhifadhiwi kwa agizo peke yake. Agizo lilifungua mlango wa dakika mbili, na hilo lilikuwa jema. Lakini aliyeingia mlangoni na kuwavuta watu alikuwa mchekeshaji, naye aliingia akimcheka aliyefungua. Mwenye kutoa agizo alikuwa na busara ya kutomfukuza.

Sasa tuitazame nguzo ya pili, nayo ndiyo inayotusumbua moyo. Utani ni kujibizana. Televisheni haijibiwi. Mnyamwezi akimtania Mzaramo barazani, jibu liko palepale. Lakini mchekeshaji wa televisheni akimwigiza Mgogo kuwa ombaomba, Mmasai kuwa mlinzi asiyejua ngazi ya umeme, Mchaga kuwa mtu anayeweza kumwuza mamaye kwa faida, au mtumishi wa nyumbani kuwa mjinga asiyejua kuwasha jiko la gesi, wanaochekwa watajibu wapi? Wao wamekaa gizani wanatazama. Twauliza kwa haki kabisa: katika michezo kumi ya juma hili, ni mingapi iliyomcheka yaya, mlinzi, mshamba, kiwete na mwanamke mnene, na ni mingapi iliyomcheka mwenye kiwanda asiyepeleka michango ya wafanyakazi wake, mkuu anayegeuza gari la umma kuwa la harusi ya mwanawe, au mwenye nyumba anayepandisha kodi kila akiota ndoto?

Sisi tunaoandika kwa ajili ya wafanyakazi hatuwezi kulinyamazia jambo hilo. Kumcheka mnyonge ni rahisi kwa sababu mnyonge hana la kukufanya. Huo si utani. Ni kasumba ile ile ya zamani iliyowafanya watu wa mjini waone haya kwa lafudhi za mama zao. Asiyeamini na amwulize binti aliyetoka kijijini kuja kulea watoto wa watu mjini, jinsi anavyojisikia watoto hao wanapomwita kwa jina la mjinga wa televisheni.

Hatusemi kwamba lafudhi na makabila yasiguswe. Kenya walikuwa na Mzee Ojwang wa mchezo wa Vitimbi. Jina lake la kuzaliwa lilikuwa Benson Wanjau, Mkikuyu, lakini kwa miaka mingi aliigiza mzee Mjaluo kwa lafudhi iliyowafanya wengi waamini kwamba ni Mjaluo kweli. Hatuoni kwamba alilidharau kabila la watu. Mzee Ojwang alikuwa mtu kamili: mkali na mwoga, mjanja na mwenye kudanganyika, mume anayegombana na mkewe Mama Kayai na asiyeweza kuishi bila yeye. Hiyo ndiyo tofauti. Mchekeshaji mzuri hutuonyesha mtu mwenye makosa. Mchekeshaji mvivu hutuonyesha makosa yasiyo na mtu.

Na sasa tuseme jambo ambalo baadhi ya wakubwa hawatalipenda. Ikiwa wachekeshaji wetu hukimbilia kwa wanyonge, si kosa lao peke yao. Mwaka 2019 mchekeshaji mmoja maarufu aliitwa polisi kwa sababu ya picha aliyounganisha sura yake na ya Rais wa wakati huo. Mwaka 2020 alikamatwa tena baada ya kuonekana akiicheka picha ya zamani ya kiongozi huyo. Wenzake wote walitazama, wakajifunza. Tangu hapo ni nani atakayethubutu kumwigiza hata diwani? Yaya ni salama zaidi.

Majirani zetu walipita njia nyingine. Mwishoni mwa miaka ya 1990, Rais Moi akiwa bado madarakani, vijana watatu wa Redykyulass walimwigiza jukwaani na katika televisheni, sauti yake, mwendo wake na fimbo yake, na watu wa Kenya wakagundua kwamba mbingu hazikuanguka. Mwaka 2009 ukafuata mchezo wa vinyago wa XYZ, ambamo wanasiasa wote walichekwa bila kubaguliwa. Na mwanzilishi wake ni nani? Ni Godfrey Mwampembwa, yaani Gado, kijana aliyezaliwa Dar es Salaam. Mtani wetu wenyewe amekwenda kuwatania wakubwa wa nyumba ya pili, wakati sisi huku tuna boriti tele za kuonyeshwa.

Chama kiliwahi kuwa na wasanii wake. Kikundi cha TOT, kilichoundwa mwaka 1992 na kuongozwa na Kapteni John Komba, kiliimba sifa za Chama kwa ufundi ambao hata wapinzani waliukubali. Hatuoni haya kwa hilo. Lakini sifa peke yake ni kama sukari bila chai. Chama chenye wimbo wa kukisifu na kisicho na mtani wa kukicheka hakitajua siku kanzu yake itakapochanika nyuma. Chama kinachosema kimetoka kwa wakulima na wafanyakazi hakina sababu ya kuogopa kicheko cha wakulima na wafanyakazi. Mwenye kukiogopa ni yule ambaye karani wa mchezo anafanana naye mno.

Bila shaka kuna mpaka. Uongo si dhihaka. Kumzulia mtu wizi si kumtania. Kuchochea watu wa dini moja dhidi ya nyingine si kichekesho hata kidogo, na sheria za kuyazuia hayo zipo. Lakini mpaka huo usiwekwe mahali penye heshima ya mkubwa. Uwekwe mahali penye ukweli na amani ya watu.

Inabaki nguzo ya tatu: mtani hutunzwa. Mchekeshaji ni mfanyakazi. Jasho lake ni kicheko chetu. Je, tumemlipa? Mzee Small, yaani Said Ngamba, aliyetuchekesha kwa miaka mingi, alifariki mwaka 2014 baada ya kuugua kwa muda mrefu. Mzee Ojwang alifariki mwaka 2015, baada ya wananchi kuchangishana fedha ili atibiwe macho. King Majuto, yaani Amri Athumani wa Tanga, alifariki Agosti 8, 2018, na mwaka huo huo Serikali ililazimika kuitazama mikataba ya wasanii na makampuni yaliyotumia sura zao katika matangazo. Tuliwazika watani wetu kwa heshima na umati mkubwa. Lakini sheria ya utani haikusema tungoje msiba. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki tunayo tangu mwaka 1999. Kinachotakiwa ni mchekeshaji kijana ajue kwamba ipo, asome mkataba kabla ya kuutia sahihi, na awe na chama cha wafanyakazi wenzake cha kumsemea. Anayemtajirisha mwenye sabuni kwa sura yake, kisha akakosa fedha ya dawa, amenyonywa sawasawa na mkata mkonge wa zamani.

Bagamoyo ina chombo cha kuanzia. Chuo cha Sanaa kilianzishwa hapo mwaka 1981, na tangu mwaka 2007 kimekuwa wakala wa Serikali uitwao TaSUBa. Vijana hufundishwa humo ngoma, muziki, maigizo na sanaa nyingine, na kila mwaka tamasha lake huleta wageni kutoka pande zote za dunia. Twapendekeza mambo matatu. Kwanza, kichekesho kifundishwe kama fani kamili, na utani wa makabila yetu uwe kitabu chake cha kwanza. Pili, kila mwanafunzi afundishwe kuandika mchezo unaowahusu watu wake mwenyewe, ili Mgogo amwandike Mgogo, na yaya, kama anaweza, amwandike bosi wake. Tatu, asitoke pale mtu asiyejua kusoma mkataba.

Na kwa ndugu zetu viongozi wa matawi twatoa pendekezo dogo lisilo na gharama. Mara moja katika miezi mitatu, kabla ya mkutano wa tawi, waachieni vijana dakika kumi wawaigize viongozi wao. Kaeni mstari wa mbele. Msiandike majina.

Tulipoondoka Dunda asubuhi, tulipita mbele ya ofisi ya bwana yule karani. Mlango ulikuwa wazi, na watu wanne walikuwa wamekaa kwenye benchi wakingoja. Hatuwezi kumdanganya msomaji kwamba mchezo wa usiku mmoja uliigeuza ofisi ile. Lakini tulimwona akimwita bibi mmoja aingie, na yule bibi, ambaye pengine habari za barazani zilikuwa zimekwisha kumfikia, alimwuliza kabla ya kuketi: "Mwanangu, nilete mbegu, au leo nitapata?"

Karani alicheka. Safari hii hakuchelewa. Kisha akaanza kutafuta faili.